Mimi Si Mtu wa Kupewa Kadi

Lewisham, London
Jumatatu, 8 Septemba

Kwa Bi Ummukulthum Sultan,
Mwenyekiti, Umoja wa Kinamama wa Shughuli,
Ilford.

Bi Mwenyekiti mheshimiwa (ambaye pia ni Mama Mkubwa wangu, lakini leo nakuandikia kwa cheo chako cha kwanza),

KUH: KUPELEKEWA KADI YA HARUSI YA NDUGU YETU THUWAIBA, NA MENGINE YALIYOTOKANA NAYO

Assalaam alaykum. Natumai barua hii itakukuta mzima na goti limepungua maumivu. Nimeiandika mara nne. Ya kwanza ilikuwa na tanbihi kumi na moja. Nimeziondoa, kwa sababu mama alisema ukiona maandishi madogo chini ya ukurasa utadhani ni kampuni ya gesi na utaitupa. Malalamiko yangu nimeyapa namba ili iwe rahisi kuyajadili katika kikao chenu cha Alkhamisi, kabla sinia la kashata halijafika, maana baada ya hapo najua hakuna kinachojadiliwa.

1. Kadi yenyewe. Ilikuja kwa posta Jumatano, katika bahasha ya rangi ya maziwa, jina langu limechapwa kwa wino wa dhahabu: "Bi Miska Mbarouk na Mwenzake." Bi Mwenyekiti, mimi na wewe tunajua kadi ni ya nani. Kadi hupelekewa daktari, mwajiri, na jirani wa nyuma ya ukuta ambaye tunataka asilalamikie moshi. Mtu wa nyumbani hapewi kadi. Mtu wa nyumbani hupigiwa simu akiwa kazini, hasalimiwi, huambiwa tu, "Wee, kesho uje mapema, na uje na kisu chako." Wewe mwenyewe ulisema katika harusi ya Kaka Mundhir, mlango wa gereji yako tunamopikia uko wazi na sufuria tatu ziko motoni: "Mwenye kadi akakae. Asiye na kadi aje amenye kitunguu thomu." Nilikuwa na miaka kumi na minne. Nilikwenda kukaa. Lakini nilikaa bila kadi, na tofauti yake naiona leo.

Kuhusu "na Mwenzake": sina mwenzangu. Umoja unalijua hilo, maana ni ajenda yenu ya kudumu.

2. Meza ya kumi na nne. Nimempigia simu msimamizi wa ukumbi kuuliza iko wapi. Iko kati ya mlango wa dharura na mahali pa kutundikia makoti. Nitakaa na Bwana Suresh, daktari wa meno wa Mjomba. Na Bi Maureen na mumewe Fanuel, wanaofanya kazi ofisi moja na bwana harusi. Na kiti kitupu cha Mwenzangu. Hawa ni watu wema. Bwana Suresh alining'oa jino nikiwa na miaka minane na hadi leo akiniona hutazama mdomo kwanza. Lakini ni wageni, Bi Mwenyekiti. Wataniuliza biriani imepikwaje, nami nitalazimika kusema sijui.

Wakati huohuo nimeiona orodha ya watu wa jikoni, ambayo mama aliiacha mezani (sikuipekua, ilikuwa imefunikwa na gazeti tu). Imeandikwa: "Nazi: Komal." Komal! Binti wa Bi Geeta wa Stanmore, anayekwenda hekaluni Neasden Jumapili na gerejini kwako Ijumaa. Sina ugomvi na Komal. Anakwambia shikamoo akiwa bado yuko nje ya geti, wakati mimi hukupungia mkono. Kiswahili chake cha bibi yake wa Mombasa kinaeleweka kuliko changu. Lakini damu si maji, na mimi ndiye mjukuu wa Bibi, mama yako. Nauliza kwa unyenyekevu: nazi zetu zimefikaje Stanmore nami nipo?

3. Uzoefu wangu. Huenda kamati inadhani sijui kazi. Naomba iandikwe kwamba mwezi wa Julai niliishi siku kumi na sita katika kijiji kimoja cha Bali, kwenye vilima vya mpunga, katika mpango uitwao "Ishi kama Mwanakijiji". Nilikwenda kwa sababu nilihisi London imenipunguzia kitu ndani ambacho sikijui jina. Nilitaka ukimya. Nilibeba madaftari matatu.

Mwenyeji wangu aliitwa Ibu Ketut. Ibu ni kama kusema Mama. Asubuhi ya kwanza nilitoka na daftari kwenda kukaa peke yangu kando ya mfereji. Jirani wa kwanza akaniuliza, "Unakwenda wapi?" Wa pili, "Umeshaoga?" Wa tatu, "Umekula?" Bibi mmoja mwenye tambuu mdomoni alisubiri nifike karibu, akaitoa shavuni ili aulize vizuri: "Umeolewa?" Made, mtoto wa kiume wa Ibu Ketut, ambaye ni mwalimu na ndiye aliyenitafsiria, akaninong'oneza nisijibu "hapana", kwa sababu hapana ni kumfungia mtu mlango usoni. Jibu la pale ni "bado". Nikasema bado. Wote wakaridhika, bibi akarudisha tambuu yake, nami nikapewa kifungu cha majani machanga ya mnazi nikakunje. Niliandika katika daftari kwamba sijawahi kupokelewa kwa upole namna ile. Maswali hayohayo manne, Bi Mwenyekiti, ukiniuliza wewe sikukuu, nakujibu kwa hotuba, na mwaka juzi nilikuletea makala usome.

Majani yale ni ya visahani vya sadaka. Wanawake hukunja kila siku, hutia maua na wali kidogo, huviweka kizingitini. (Usishtuke: sikuabudu chochote. Nilikunja tu.) Siku ya kwanza nilitengeneza kumi na kimoja kwa saa tatu. Ibu Ketut alifumua tisa. Viwili vilivyobaki viliwekwa mlangoni, na kabla ya adhuhuri mbwa alikwishakula wali. Niliumia. Nikamuuliza Ibu Ketut kama haimuumi kazi yake kuliwa na mbwa. Akasema, "Kesho tutatengeneza vingine." Nililia. Sentensi ile niliipigia mistari miwili. Wewe uliniambia hivyohivyo nikiwa na miaka tisa, watoto wa Mjomba walipomaliza sinia la maandazi tuliyoyakata asubuhi nzima. Wakati huo sikuwa na daftari.

4. Kidole gumba. Siku ya sita Ibu Ketut alinipa nazi na kibao chenye meno, nikune kwa ajili ya mboga za mchana. Nikakuna. Mkono ulijua wenyewe: kuzungusha, kutobonyeza, kuacha kabla hujafika kwenye weusi. Nilimaliza tatu wakati mkwewe hajamaliza moja. Wanawake wakaitana kuja kutazama. "Nani kakufundisha?" akauliza Ibu Ketut. Nikajibu, "Hakuna. Naihisi tu."

Nasema uwongo mara chache, na ule nilitaka uishie palepale. Lakini Made alikuwa amenipiga picha, nami nikaituma mtandaoni, nikaandika chini yake kwamba leo, kwa mara ya kwanza maishani, nimejifunza sanaa ya kale ya kukuna nazi. Watu mia mbili na kumi waliipenda. Mmoja wao akaihamishia kwenye kundi letu la ukoo. Kisha wewe, Bi Mwenyekiti, uliyekaa nyuma yangu katika jiko la Bibi ukinishika viwiko, ukajibu kwa alama ya kidole gumba tu.

Nalalamikia kidole hicho. Matusi ningeyajibu. Kidole gumba nimekaa nacho wiki nane.

5. Gogo. Hili naliandika mwisho kwa kuwa ni zito, nami ningependa lisomwe na mtu mwenye sauti nzuri, si Bi Jokha.

Kijijini kuna gogo la mti lililochimbwa ndani, limetundikwa mnarani. Likigongwa, kila nyumba hutoa mtu. Mke wa Made anafanya kazi benki. Gogo lilipolia kwa ajili ya shughuli ya jirani, aliomba ruhusa ya siku tatu, akaja na sare yake ya kazini, akavua viatu akaanza kukata majani. Nikamuuliza Ibu Ketut mtu asipokuja anafanywa nini. Akasema mwanzoni hafanywi kitu. Anaitwa tena. Anaitwa mara nyingi. Kisha siku moja wanaacha kumwita, na yeye hufurahi, anadhani amepata nafasi. Palikuwa na bwana mmoja wa hivyo kijiji cha pili. Baba yake alipofariki alitoka nje akagonga gogo mwenyewe, akagonga, akagonga.

Niliandika kurasa nne juu ya bwana huyo. Nilimwita "mwanadamu wa kisasa". Nilipanga kuziwasilisha kwenye semina.

Kundi letu la ukoo nimelizima sauti tangu mwaka jana. Miaka sita nimekwambia nina kazi ya kuwasilisha, na wewe kila mara ukasema, "Haya mwanangu, wakati mwingine." Nakumbuka simu yako ya mwisho. Ilikuwa harusi ya dada yake Thuwaiba, ulitaka mtu wa kutunga asumini. Nilikuwa nimejifungia nasoma kuhusu maisha ya pamoja. Baada ya hapo hukupiga tena, nami, kusema kweli, nilifurahi. Nilidhani nimepata nafasi.

Kwa sababu hizo zote, naomba Umoja uamue yafuatayo:

(a) Kadi ifutwe, na Mwenzangu aarifiwe.

(b) Komal apandishwe cheo, apewe mchele, ambao ni heshima kubwa zaidi, ili nazi ziwe wazi.

(c) Nipigiwe simu. Iwe wakati mbaya, ikiwezekana nikiwa kwenye mkutano. Nisisalimiwe. Nitajwe kwa jina la utotoni.

(d) Nikionekana sistahili nazi, nipewe thomu. Nikionekana sistahili thomu, nipewe kushika mlango wa gereji usipigwe na upepo. Nina shahada mbili.

Naambatisha barua ya Ibu Ketut kunihusu. Ameiandika kwa mkono wake na Made akaitafsiri. Inasema: "Miska ana mikono mizito na maswali mengi. Lakini akiitwa, huja." Naiona ni sifa kubwa. Naomba kamati isizingatie kwamba chumba changu kilikuwa futi kumi kutoka kwenye gogo.

Umoja ukikataa, sitakuwa na njia ila kukaa meza ya kumi na nne kama nilivyopangiwa, nimevaa vizuri, nikila polepole, na kila sahani ikipita nitamwambia Bwana Suresh kwa sauti nani alipaswa kuikunia nazi.

Nisalimie Mjomba na shinikizo lake la damu. Nisalimie bibi harusi, mwambie simlaumu. Nisalimie Bi Geeta, Bi Jokha, na wote wa gerejini, pamoja na jirani wa nyuma ya ukuta, ambaye sasa ni mgeni mwenzangu.

Ni mimi, kwa heshima yote na kwa viwiko ulivyovishika wewe,
Miska Mbarouk

N.B. Nilipokuwa nikitafuta anwani ya kikao chenu katika simu, niliikuta fomu mliyotuma kwa wote tarehe 17 Julai. "Utakuja harusini kama: mtu wa jikoni, au mgeni?" Imejazwa. Alama iko kwenye mgeni. Idadi ya watu: wawili, maana siku ile nilikuwa na matumaini kwa ujumla. Mahali pa maoni nimeandika: "Naomba nikae karibu na mlango."

Nakumbuka sasa. Nilijaza kwa kidole kidogo, kwa sababu vingine vilikuwa na nazi. Gogo lilikuwa limeshalia, jirani yake Ibu Ketut alihitaji watu, na sikutaka kuchelewa.

Basi nafuta lalamiko la 1 na la 2, yote mawili. La 3 na la 5 mmeyasoma, hayafutiki. La 4 nakuachia.

Kibao cha mbuzi cha Bibi cha kukunia nazi, alichokuja nacho kutoka kwao Wete kikiwa kimefungwa ndani ya kanga mbili, mama anasema mmekuwa mkikiulizia. Kiko kwangu. Miaka mitatu nimekiwekea chungu cha maua juu yake, na wageni wakiniuliza ni cha nchi gani huwaambia ni kitu cha ukoo, basi. Jana nimeutoa mchanga na kunoa meno yake. Kwenye mti pamebaki duara la maji. Nimelisugua kwa ndimu na chumvi, halitoki. Nitakuja nacho vivyo hivyo.

Ijumaa nitashuka treni ya kwanza, na saa kumi na mbili asubuhi nitakuwa nje ya gereji. Hakuna aliyeniita, najua. Usinifungulie, Mama Mkubwa, kama moyo wako haujawa tayari. Nipitishie nazi chini ya mlango, nitakuna hapohapo nje.