Radi Tatu za Mama Mikate

Profesa Mshale aliiona riziki yake ikichuruzika kwenye mkono wa koti la mwenye bucha. Ilikuwa ute wa yai bichi.

Katika mji ule kila mtu alizaliwa na mwako, ile nguvu ya ajabu inayotoka viganjani, na kipimo chake kilikuwa yai. Ulilishika mbele ya diwani, ukalibana kidogo, ukangoja. Likiiva, mwako unao na leseni ya duka unapewa. Likibaki bichi, linakupasukia na unakwenda nyumbani kufua. Ubaya wa yai ni kwamba halina adabu. Halijui huyu ni bosi, yule ni shemeji wa diwani.

"Mwaka huu tena nauza nyama kwa leseni ya mke wangu!" mwenye bucha alilalamika hotelini, akijifuta kwa leso. "Mimi, na heshima yangu yote!"

"Pole, bosi," sauti ya asali ilitoka meza ya jirani. "Kosa si lako. Ni la kuku."

Mwenye bucha aligeuka, akaona miwani, tai, na mtu katikati yake.

"Yai linapima joto tu," Profesa aliendelea. "Mwako wa watu wakubwa ni mzito, wa baridi. Unataka chombo cha kisayansi."

Maneno matamu kiasi hicho mwenye bucha hakuwahi kuyasikia hata siku ya harusi yake. Alimlipia chai, akampeleka kwa diwani, ambaye naye kwa siri alikuwa na makoti kadhaa yenye madoa. Tangazo likatoka: yai limefutwa.

Chombo chenyewe kilikuwa mizani kuukuu iliyopakwa rangi ya dhahabu, yenye mshale mwekundu, na chini ya kitambaa cha meza kulikuwa na pedali ya cherehani. Kipimo kipya kiliitwa radi.

"Vua dhahabu zote, bosi. Dhahabu hunyonya radi. Zitapumzika kwenye mkebe huu mpaka kesho, mbali na mwenyewe. Ukizivaa kabla, cheti kinafutika."

Pete mbili nene zikalia mkebeni. Mguu wa Profesa ukazisikia, ukakanyaga kwa upendo.

"Radi themanini!"

Mwenye bucha alitokwa na machozi. Diwani, mwenye saa ya dhahabu, alipata tisini, maana serikali ni serikali.

Wa mwisho alikuwa Mama Mikate, mjane ambaye mayai yalimwivia kila mwaka. Alioka bila kuni, kwa kubandika viganja ukutani mwa tanuri aliloachiwa na mumewe. Dhahabu hakuwa nayo. Kwa adabu alitumbukiza kifungo cha shaba, kikalia *ti*, na mguu wa Profesa haukusikia vizuri.

"Radi tatu. Pole, mama."

"Basi leseni ndiyo imekwisha," mwenye bucha alidakia. "Lile jengo la tanuri nalichukua mimi, niweke friji zangu."

Mama Mikate alikuwa akitazama chini. Upande wake, kitambaa cha meza kilikuwa kifupi.

"Haya, wanangu, sayansi imenishinda," alisema hatimaye. "Ila hizo dhahabu zitalala wapi?"

Wakubwa walitazamana, kisha wote wakamtazama Profesa, aliyekuwa na kazi ya ghafla ya kunyoosha tai.

"Tanuri langu lina mlango wa chuma na kufuli," mama aliendelea. "Na kwa radi zangu tatu, halitapata hata uvuguvugu. Ufunguo akae nao Profesa mwenyewe."

"Mama ana busara huyu!" Profesa alisema, akiupokea kabla haujatolewa vizuri.

Mkebe ulifungwa kamba, ukaingizwa tanurini mbele ya wote. Lakini Profesa hakuwahi kuoka hata andazi. Hakujua kwamba tanuri la zamani lina mlango wa pili, nyuma, wa kutolea majivu.

Alfajiri alifungua kufuli. Mkebe ulikuwa mzito vilevile, tena na joto kidogo, naye akaona hiyo ni dalili ya bahati. Akawahi treni.

Asubuhi wakubwa walikuta tanuri wazi. Diwani alikuwa ameshaanza kuita polisi, ndipo Mama Mikate alipotokea na trei. Pete, saa, vyote vilikuwamo.

"Mwenzenu kaondoka," alisema. "Mwiteni tapeli mkitaka. Lakini hapo zile themanini na tisini zitakuwa za tapeli, na itabidi turudi kwenye yai."

Mwenye bucha aliangalia koti lake jipya.

"Profesa alikuwa mtu mwaminifu sana," diwani alisema haraka.

"Hata mimi naona hivyo, mwanangu. Basi nipimeni tena."

Aliketi kwenye kiti cha Profesa, akaweka kiganja juu ya mizani. Mguu wake, uliokuwa na cherehani nyumbani, haukuhangaika kutafuta pedali. Mshale ulizunguka mpaka ukagonga mwisho.

"Radi mia tatu," diwani alisoma kwa sauti ndogo, akaandika leseni. Mwenye bucha alikohoa, akasema friji zake zitakaa palepale zilipo.

Mbali huko, ndani ya treni, Profesa alikata kamba. Mkebe ulikuwa umejaa mkate hadi kwenye pembe, wenye rangi nzuri ya dhahabu. Aliupasua kwa mikono miwili, akitafuta japo pete moja. Katikati alikuta kifungo cha shaba na yai zima.

Alilibana kwa hasira. Halikumpasukia. Lilikuwa limeiva mpaka kwenye kiini, kwa hiyo alilimenya akala, maana safari ilikuwa bado ndefu.