Uzinduzi wa Mashine ya Kupima Umri wa Watuhumiwa

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, ambaye kwa unyenyekevu mkubwa ni mimi mwenyewe, waheshimiwa mahakimu, Afande Mkuu wa Gereza, madaktari wa meno na wa mifupa, maafisa wenzangu wa ngazi zote, pamoja na waliokaa kwenye ngazi kwa kukosa viti, kina mama mliosimama juani, itifaki imezingatiwa. (Makofi ya maafisa.)

Kabla yangu, ndugu wananchi, mtuhumiwa akidai ni mtoto alipelekwa kwa karani, akaambiwa apitishe mkono juu ya kichwa ashike sikio la upande wa pili, na akilifikia tu, anaandikwa mtu mzima, anakwenda kulala na majambazi. Utaratibu usiozingatia sayansi, teknolojia wala maboresho ya kimkakati ya mifumo, ndipo nikasema la hasha, nikaasisi Mashine ya Kupima Umri, inayosoma meno, mifupa na data kwa usahihi wa asilimia mia na tatu! (Vigelegele. Sauti: "Mia na tatu?") Hizo tatu ni za akiba. (Kicheko.)

(Mama mmoja, mshona nguo, ananyanyua kadi ya kliniki: "Mheshimiwa, binti yangu!") Subiri, mama. ("Nimesubiri miaka minne! Alivunja kioo cha duka akiwa na miaka kumi na minne. Ana mikono mirefu tu, kama marehemu baba yake, nanyi mkamfunga na watu wazima!")

Mama yangu, pole, uchungu wa mwana aujuaye mzazi, lakini kadi ni karatasi, na karatasi ofisini kwangu hupotea kila siku, mimi mwenyewe ni shahidi. Ndiyo maana faili la binti yako tuliliweka lisubiri mashine. Sasa tupige hesabu: kumi na minne, ongeza minne? (Maafisa: "Kumi na minane!") Basi leo ni mtu mzima! Ofisi yangu haikukosea, mama, iliwahi tu. (Makofi machache. Mama anaketi chini, kadi usoni, analia.)

Semeni nami: Umri ni haki! ("Ni haki!") Haki ni mashine! ("Ni mashine!")

Nawashukuru wafadhili, ambao tutawatafuta. Fundi mitambo, ambaye akishasomea atarudi. Na karani wangu mwaminifu, aliyeketi kwenye kigoda nyuma ya pazia hili ninalolifungua sasa. Foleni ianze. Wewe wa kwanza, shika sikio.