Upimaji wa Mtu Mmoja Mmoja

Jumatatu, 3 Machi

Leo nimekuwa mwanasayansi. Imenichukua asubuhi moja. Wengine husoma miaka!

Kitabu nimekipata kwa mwenye duka, alikuwa anachana kurasa zake kufungia vipande vya sabuni. Nikamwambia aache mara moja, anafungia sabuni kwa ubongo wa binadamu. Akasema nichukue tu, karatasi yenyewe nyepesi. Umebaki mwanzo, kurasa arobaini na sita. Misingi ya saikolojia, yaani sayansi ya nafsi ya mtu. Nimesoma zote. Shule tuliachana darasa la saba, kwa amani, lakini nimetembea nchi tatu, nimekuwa mpishi wa hoteli, mlinzi wa benki na muuza miwani. Watu nawajua. Nilichokosa ni misingi.

Sababu ya yote haya ni mdogo wangu. Ni fundi mitambo wa kiwanda cha mablanketi, au alikuwa. Miezi minne iliyopita alifika kazini akakuta geti limefungwa kwa kufuli, hata barua hakuna. Akarudi, akavua buti, akalala. Bado amelala, uso ukutani. Husema "ndiyo", "hapana" na "nimeshiba", na hajala. Mimi naishi kwake, sebuleni, kwa hiyo kumponya ni kazi yangu.

Shemeji, mkewe, alitaka kumpeleka hospitali leo hii. Muuguzi wa zahanati kamwonya asichelewe, mwili umeanza kuisha. Nikamwomba wiki moja. Akasema, "Haya, shemeji. Wewe ndiye mkubwa wake, siwezi kukuruka."

Nimeshinda!

Jumanne, 4 Machi

Jaribio la kwanza. Kitabu kinasema wataalamu wa zamani walianza na kengele. Unagonga, mtu akisikia anabonyeza kitufe, unaandika muda. Hivyo ndivyo nafsi ilivyoingia kwenye sayansi. Kengele sina. Nina kifuniko cha sufuria na kijiko. Kitufe ni paja la mgonjwa, alipige akisikia.

Nikagonga. Paja kimya. Nikagonga mara kumi na nne. Pigo la kumi na tano lilitoka kwa shemeji, likatua begani kwangu.

Jaribio la pili: kujichunguza. Mtu anaonyeshwa kitu, anaeleza kinachopita ndani yake, bila kutia chumvi. Nikachukua kilichokuwa karibu, kufuli la kabati. Nikamshikia mbele ya uso. Alilitazama. Macho yakajaa maji, akavuta shuka mpaka juu ya kichwa.

Nikaandika: Hana la kusema kuhusu kufuli. Kesho tujaribu kijiko.

Shemeji akaniita jikoni. Akaniuliza kwa sauti ya chini kama nimesahau mdogo wangu alikuta nini getini. Nikamjibu kwamba sayansi haichagui vitu. Akasema basi yeye angeichagulia.

Kweli nilikuwa nimesahau. Kufuli nimelirudisha kabatini.

Jumatano, 5 Machi

Kinyozi! Kibanda chake kimeegemea ukuta wetu na masikio yake yameegemea dirisha letu. Leo kaniita Profesa mbele ya wateja watatu. Akasema yeye anashika vichwa ishirini kwa siku, mimi nimeshika kimoja, tena changu, na hakijakaa sawa. Wateja wakacheka mpaka mmoja akakatwa sikio. Safi sana.

Ila kaniuliza jambo likaniuma. Eti huyo ndugu yako unampima kwa kumlinganisha na nani?

Nikarudi kitabuni. Ukurasa wa mwisho, mstari wa mwisho: "Mtu mmoja hawezi kuwa msingi wa sayansi, isipokuwa". Basi. Isipokuwa nini? Jibu liko kwenye sabuni ya mtu.

Nikafikiri mwenyewe. Mtu mmoja hatoshi, lete wengi! Nikipima watu wengi napata wastani, yaani mtu wa kati, asiye na jina wala shida. Halafu nione mdogo wangu yuko umbali gani kutoka kwake, nimvute taratibu kama gari bovu.

Nimekwenda kwa mchora vibao. Nimemwandikia maneno kwa mkono wangu: NAFSI. UPIMAJI WA MTU MMOJA MMOJA. INGIA NDANI. Akasema kesho alfajiri atakuja kukitundika mwenyewe. Kijana mwenye adabu.

Alhamisi, 6 Machi

Utukufu! Saa moja asubuhi foleni imefika kwa fundi viatu. Sikupata hata nafasi ya kutoka kutazama kibao. Watu wamepiga pasi mashati. Wamebeba vyeti kwenye bahasha. Sikujua kwamba mtaa huu unaiheshimu sayansi kiasi hiki. Wengine wanasalimia kwa mikono miwili! Mwashi mwenye umri wa baba yangu kaniita "bosi". Nikamwambia hapa sote ni sawa mbele ya kifuniko.

Nimepima watu ishirini na tisa. Saa yangu ya mkono haijui kitu kidogo kuliko sekunde, kwa hiyo matokeo ni haya: sekunde moja. Wote! Binadamu ni mmoja, nimethibitisha.

Kwenye kujichunguza nikawaonyesha kijiko. Mwashi akasema anaona watoto wanne na kijiko kimoja. Akaongeza haraka kwamba hata hivyo mgongo wake mzima, anaweza kubeba mfuko wa saruji hapa hapa nikitaka. Mshona nguo mmoja akasema anaona kijiko, lakini kama jibu sahihi ni jingine, nimwambie tu atalisema hilo. Nikaandika: Nafsi yenye ushirikiano.

Kila mmoja akitoka aliuliza ataitwa lini. Nikasema matokeo yakitoka. Wakashukuru kweli. Mmoja akanibusu mkono.

Mdogo wangu kageuza kichwa mara mbili kusikiliza. Nimeandika.

Ijumaa, 7 Machi

Kinyozi kaja mapema, bila kucheka. Kaniuliza kiwanda gani.

Kiwanda gani nini?

Akanishika kiwiko, akanitoa nje, akanisomea kibao kwa kidole, herufi moja moja, kama mwalimu wa chekechea. NAFASI. UPIMAJI WA MTU MMOJA MMOJA. INGIA NDANI.

Ameongeza A! Nilikimbia kwa mchora vibao. Akasema aliona neno limepungukiwa herufi, akaona aibu kuniumbua, akaiongeza bila kunitoza. Akauliza pia kama bado kuna nafasi, ana shemeji yake hana kazi.

Kinyozi akasema nikiteremshe sasa hivi na niwaambie watu ukweli. Nami nilikuwa nakiteremsha! Mungu shahidi, nilikuwa juu ya kiti, nyundo mkononi. Foleni inanitazama, watu thelathini na kitu. Hapo nikasikia mtu anakohoa kwenye mstari, kikohozi ninachokijua tangu utotoni.

Mdogo wangu. Amesimama. Miezi minne hajavuka mlango wa chumba, leo amesimama wa tisa kwenye foleni, shati la harusi yake linamning'inia kama limeazimwa, vyeti kwapani. Amepitia mlango wa nyuma ili asionekane anapendelewa.

Nikashuka kwenye kiti. Nyundo nikampa kinyozi.

Zamu yake ilipofika akaketi mbele yangu, akaniita "mheshimiwa" kwanza, halafu "kaka". Nikagonga kifuniko. Akapiga paja. Sekunde moja! Sawasawa na mtu wa kati! Akauliza nafasi yenyewe ni ya nini. Mdomo wangu ukajibu kabla yangu. Ukasema fundi mitambo. Ukasema Jumatatu.

Akatabasamu. Meno nilikuwa nimeyasahau.

Jumamosi, 8 Machi

Amekula mara mbili. Ameomba chumvi! Kinyozi kaja na mkasi na wembe wake, akamnyoa ndevu za miezi minne palepale barazani. Hakuchukua kitu. Walizungumza habari za mashine za kufuma, mdogo wangu anaeleza, mikono inacheza hewani. Alipomaliza, kinyozi akanivuta pembeni. Akasema mpaka kesho niwe nimemwambia, la sivyo atamwambia yeye. Nikamjibu asiharibu tiba ya watu. Akasema, "Tiba gani, Profesa? Umempa mtu kiti kisicho na miguu."

Wivu tu.

Shemeji alikuwa jikoni analia na vitunguu havikuwepo. Akanishukuru. Akasema alinidharau moyoni, nimsamehe. Halafu akauliza, kwa hofu ya mtu anayeogopa kuuliza, kama kazi ni ya kweli.

Nikasema ya kweli.

Nitaitafuta! Siku mbili ni nyingi. Nchi tatu nimetembea, nishindwe kupata kazi moja ya fundi? Nimeandika kwenye daftari: Aponywe kwanza, kazi baadaye. Sentensi nzuri, inafaa ukurasa wa arobaini na saba.

Jumatatu, 10 Machi

Jana kinyozi alikuja kumwambia, akamkuta anapaka buti rangi, akaondoka na neno lake. Nami niliuliza sehemu tano. Hakuna.

Leo saa kumi na mbili asubuhi mdogo wangu alikuwa ameketi kwenye ngazi ya mlango. Ovaroli imefuliwa. Buti zina rangi. Mpita njia wa kwanza kamwona, akaenda kusema kazi zimeanza. Saa mbili mtaa umejaa. Mwashi, mshona nguo, wote wa Alhamisi, wote wa Ijumaa, wengine sijapata kuwapima. Wakaanza kuuliza. Halafu wakaacha kuuliza na kuanza kupiga kelele.

Nikatoka na kitabu. Nikawaeleza kwa ufasaha tofauti ya nafsi na nafasi. Nikawaambia kwamba herufi ni moja tu.

Mwashi akaniuliza taratibu, "Kwa hiyo bosi, kile kijiko kilikuwa cha nini?"

Nikafungua kitabu nimtafutie ukurasa.

Hawakunipiga. Heri wangenipiga. Walikunja bahasha zao, wakaondoka mmoja mmoja. Kinyozi alisimama mlangoni kwake, wembe mkononi, nami nikamsubiri anicheke. Hakucheka.

Mdogo wangu alibaki kwenye ngazi. Akaniuliza, "Kaka, hakuna?"

Nikasema, "Kwa sasa."

Akaitikia kwa kichwa, kwa adabu, kana kwamba mimi ndiye niliyepata hasara. Akavua buti. Akazipanga pamoja, kamba ndani. Akaingia.

Jumatano, 12 Machi

Hajanywa hata maji tangu Jumatatu. Leo hakumjibu shemeji hata "nimeshiba". Shemeji hakuniomba ruhusa. Amefungua dirisha, akamwita kinyozi kwa jina lake la nyumbani, ambalo sikulijua. Kinyozi akafunga kibanda na wateja wamo nusu kunyolewa. Akaja na mwashi. Mwashi! Wakambeba kwenye godoro lake mpaka kwenye gari la muuza mkaa. Anabebeka na watu wawili kama kiti.

Mimi nilibeba kitabu. Mtu lazima abebe kumbukumbu za mgonjwa.

Daktari, mwanamke mchovu mwenye kalamu mbili, akauliza kwa nini kaletwa leo. Shemeji akasema tulikuwa tunasubiri. Hakunitazama aliposema. Daktari akasema wiki iliyopita mishipa ingeonekana. Leo amemchoma mara sita kutafuta mmoja wa kuingizia dripu. Figo hazina uhakika. Akasema tusubiri, na hakusema tusubiri nini.

Nikamwomba anieleze kwa wastani. Akasema, "Baba, mimi nina mgonjwa huyu mmoja kitandani. Huo wastani wako umelala kitanda namba ngapi?"

Nimeliandika, ingawa si jibu la kitaalamu.

Ijumaa, 14 Machi

Bado yuko hai. Jana sikuingia wodini, nilikaa kwenye benchi la nje siku nzima na kulia kidogo, sayansi haikatazi. Shemeji hulala sakafuni karibu na kitanda. Kinyozi huwaletea uji. Hunipita bila neno, lakini leo kaniachia kikombe.

Saa tisa shemeji katoka. Uso umekuwa mdogo. Akasema mgonjwa amefumbua macho, daktari kakaa naye muda mrefu, hakumgongea wala kumwonyesha kitu, alikaa tu. Mwishowe akamuuliza kama kuna jambo analotaka. Naye kwa mara ya kwanza tangu Jumatatu kasema.

Nikasimama. Nikauliza amesema nini.

Shemeji alivuta pumzi. Nadhani alitaka kunidanganya, akashindwa, hana kipaji hicho. Akasema, "Kasema, 'Kaka asije.'"

Nikakaa. Nikatazama sakafu. Sakafu ya hospitali ina vigae vya kijani na vyeupe, nimevihesabu mpaka mlangoni, sabini na viwili.

Halafu nikaelewa! Maneno mawili, na la kwanza ni mimi! Katika watu wote wa dunia, akili inarudi, na mtu wa kwanza inayemkuta ni kaka yake. Hilo la pili ni homa, au shemeji hakusikia vizuri. Mtu dhaifu huongeza herufi. Alitaka kusema kaka aje.

Wodi ile ina vitanda kumi na viwili, wanaume watupu, wote uso ukutani, na hakuna aliyewahi kuwapima. Watu kumi na wawili!

Saa ya kutazama wagonjwa huanza saa sita. Kesho nitakuwa wa kwanza mlangoni.