Mfyonzo kwenye Benchi la Wateja

Jumatatu, 3 Juni

Wateja saba kabla ya saa nne asubuhi, wote wamefura. Mwalimu mstaafu ameuliza kama suruali yake itakuwa tayari kabla hajazikwa. Nikamwambia aje kesho. Mtaani wananiita Fundi Kesho. Wivu tu! Ng'ambo ya barabara yupo Fundi Tayari, anayemaliza nguo siku ileile aliyoahidi, kama mtu asiye na mambo mengine duniani. Leo amenipungia mkono. Kejeli hiyo.

Lakini nimepata dawa. Mchuuzi mmoja sokoni anauza mfyonzo, ule udongo wa kijivu unaochimbwa mapangoni, unaonyonya hisia za mtu. Watu hununua chembe ya ukubwa wa ukucha, wakaishika siku ya msiba, robo saa, basi. Mchuuzi alinionya nisizidishe. Nimechukua kilo mbili. Nimeushona ndani ya mto wa benchi la wateja. Kazi ya saa moja! Nikitaka, naweza.

Jumanne, 4 Juni

Maajabu! Mama muuza mboga aliingia akiutukana ukoo wangu wote, waliokufa na walio hai. Nikamkaribisha aketi. Dakika tano, kimya. Akaondoka akisema gauni si kitu, nguo ni nguo. Mwalimu naye akasema suruali aliyonayo inamtosha. Nimepata hata usingizi wa mchana.

Fundi Tayari alikuja kuchungulia, akakuta benchi zima limetulia. Nikamkaribisha. Akakataa, ati ana kazi.

Jumatano, 5 Juni

Sijui niandikeje haya.

Mpwa wangu, binti wa dada yangu mkubwa, anaolewa Jumamosi. Gauni lake lilipaswa kuwa tayari wiki mbili zilizopita. Lina mkono mmoja. Dada alishasema nisipolimaliza, undugu wetu basi. Mpwa wangu yeye hagombi. Aliingia leo akiimba. Alinieleza kwamba mama yake alitaka gauni lihamishiwe kwa Fundi Tayari, naye akakataa katakata, akasema atashonewa na mjomba wake au ataolewa amejifunga kanga.

Nikamwambia aketi nimalizie mkono wa pili. Nilisahau. Nasema kweli, nilisahau!

Nilipoinua kichwa, wimbo ulikuwa umekwisha. Akasema mkono wa pili si lazima. Hata harusi yenyewe si lazima. Akatoka bila kuaga.

Alhamisi, 6 Juni

Dada alifika kabla sijafungua duka vizuri. Binti yake amemwambia mchumba kwamba kuolewa na kutoolewa kwake ni mamoja. Kijana wa watu analia sebuleni. Dada alikataa kuketi, na kwa mara ya kwanza nimeshukuru kwa ukaidi wake. Hajui habari za mto. Sikumwambia.

Nilikimbia kwa mchuuzi. Akasema mfyonzo ukilowekwa katika maji ya moto hutoa vyote ulivyonyonya, na aliye karibu na mvuke ndiye anayevipata. Vyote! Hauchagui. Nikauliza kama naweza kutoa furaha peke yake. Akacheka mpaka akashika mbavu.

Nikapata wazo: Fundi Tayari avute hasira kwanza, mpwa wangu aje baadaye. Nikamwendea kwa maneno matamu. Akasikiliza mpaka mwisho, akaniuliza gauni liko wapi. Ameushona mkono wa pili papo hapo, bila kutaka chochote. Mshono umenyooka. Inauma.

Ijumaa, 7 Juni

Nimeweka beseni katikati ya duka, mto ndani, mlango nimefunga. Mpwa wangu alikaa kwenye kigoda, mvuke usoni, kwa sababu mjomba amemwambia akae. Hata hakuuliza kwa nini.

Ilianza hasira ya muuza mboga. Nilitukaniwa ukoo, ambao ni wake pia. Ikaja ya mwalimu, nikachapwa kwa rula yangu mwenyewe. Wateja ishirini na kitu, mmoja baada ya mwingine, kupitia kinywa cha mtoto niliyembeba mgongoni. Na chini ya kila hasira kulikuwa na kitu nisichokitarajia. Mwalimu anaona haya kutoka nje na suruali yenye viraka. Muuza mboga alikuwa na hamu ya lile gauni kama mtoto. Walikuwa wananisubiri kwa sababu waliniamini. Miaka yote nilidhani ni watu wakali tu.

Mwishowe wimbo ukarudi. Aliimba kidogo, kisha akaniuliza kama nilijua kilichomo ndani ya mto niliposema aketi. Nikasema nilisahau. Akasema hilo ndilo linalomuuma. Akalia, na machozi yale hayakuwa ya mteja yeyote.

Nimeona aibu. Naahidi hapa: nitauzika mfyonzo, nitamaliza nguo za watu wote, nitamweleza Dada ukweli na kumwomba mpwa wangu radhi ana kwa ana.

Jumamosi, 8 Juni

Harusi imefanyika. Gauni limemkaa vizuri, mikono yote miwili. Alimkumbatia kila mtu. Nilisimama nyuma karibu na mlango, nikaondoka kabla hajanifikia. Dada amejua habari za mto, ila si kwa kinywa changu. Sikuthubutu kumtazama.

Jumatatu, 10 Juni

Jana nilichimba shimo la kuzika mfyonzo. Aibu ilikuwa imenikaa kifuani, sikuweza kula. Nikasema niushike kidogo, ukubwa wa ukucha, nipunguze makali. Labda ulizidi ukucha.

Leo najisikia mwepesi kabisa! Nimesoma niliyoandika Ijumaa. Mwandiko ni wangu, lakini mtu huyo ana maneno mengi.

Nimepokea magauni sita, nimeahidi Ijumaa. Mchuuzi ana kilo tano; safari hii nitashonea mgongo wa benchi pia. Saa nne Dada alipita nje bila kunisalimu. Mpwa wangu, aliyekuja kuwaona wazazi, alikuwa naye. Akasimama mbele ya mlango, akanitazama kwa muda mrefu, kama anayesubiri nitoke niseme neno. Nikampungia mkono, nikamwambia karibu, keti.