Mshindi wa Chumba cha Uani

Jumatatu, 3 Machi
Katika mbio za magari za mtandaoni, dunia nzima inanifahamu. Kuna watu ng'ambo ya bahari wakiona gari langu wanazima simu wakalale. Shemeji, fundi cherehani, haamini. Leo katangaza mbele ya mkewe, dada yangu: Jumamosi tushindane. Nikishinda, naendelea kukaa chumba cha uani. Nikishindwa, cherehani zinahamia humo. Dada akasema, kaka, umetusimulia vya kutosha, sasa tuone. Nilikubali kwa sauti nzito. 

Jumatano, 5 Machi
Akili ni mali. Nimekata waya wa intaneti, nikaunga swichi ya taa ya mezani. Nikibonyeza, mtandao unakatika: kwenye skrini yangu wenzangu wanaganda, mimi napeta. Nikiachia, niko mbele yao. Mgeni mmoja wa mtandaoni kaandika kwamba huyu mzee anaruka kama jini. Nimemshukuru. Ila nilipochelewa kuachia, mchezo ulinitema nje.

Ijumaa, 7 Machi
Dada kauliza swichi ya taa yake iko wapi. Nikamwambia taa za kisasa hazina swichi. Akanitazama sana. Shemeji naye kaja na futi, kapima ukuta wangu, kauliza kwa upole kama kitanda kinapita mlangoni au kifunguliwe. 

Jumamosi, 8 Machi
Shemeji alichezea dukani kwake, ng'ambo ya barabara, dada mwamuzi kando yake. Mimi chumbani, swichi chini ya kidole gumba cha mguu. Mzunguko wa mwisho, kaniacha. Kona ya kushoto ikaja. Nikabonyeza. Gari lake likaganda kama ng'ombe matopeni. Nikampita. Kidole kikakakamaa, sikuachia mpaka nimevuka mstari. Nikatoka kifua mbele, nikavuka barabara nikiimba, nikampa shemeji mkono wa pole.

Alikuwa anakunywa maji. Dada akanigeuzia simu. Shemeji kamaliza zamani. Gari langu limebusu ukuta wa kona, juu yake maandishi: mtandao umekatika. Dada akasema, hongera kaka, umeshinda chumbani kwako. Sasa kihame.

Jumapili, 9 Machi
Kochi la sebuleni, miguu mitatu na tofali. Cherehani zinanguruma uani. Kosa si la swichi, ni la kidole. Kesho natafuta swichi ya goti, goti halikakamai. Nimemwambia shemeji turudiane. Kauliza kwa nini nisijifunze tu kuendesha. Nikamjibu, bingwa hafundishwi.

Ila hapa tuko wawili tu, mimi na karatasi. Kona ile ya kushoto, tangu nianze mchezo huu, sijawahi kuikata bila kugonga ukuta.