Kwetu, Nyuma ya Ibra

Jamani, leo nimeadhirika. Tena si kidogo, nimeadhirika mbele ya mbuzi kumi na nne. Nimerudi Nizwa sasa hivi, nimekaa garini mbele ya mlango wangu mwenyewe, kuingia siwezi. Shangazi keshatangulia ndani na nasikia wanacheka.

Nianze mwanzo.

Nyote humu kundini mnanijua. Mimi ndiye Nasoro wa "kwetu". Mtu akiniuliza asili yangu, kifua mbele: "Kwetu ni Sharqiyah, nyuma ya Ibra, ndipo palipo magofu ya wazee wetu." (Jina la kijiji leo silitaji. Watu wa kule wameniona vya kutosha.) Nisilowahi kumwambia mtu ni kuwa kijiji chenyewe nilifika mara moja tu, nina miaka saba, na nikalala garini kwenda na kurudi.

Sasa yuko Shangazi Zuwena, dadake marehemu baba. Amekuja kututembelea huku kwa Waarabu kutoka Unguja, ana miaka sabini na tatu na ulimi hauna mfupa. Babu, yaani baba yake, alitoka kijiji hicho akiwa mtoto na akafa Unguja bila ya kurudi. Alimuusia: siku Mungu akikujaalia ukafika, ingia nyumbani kwetu, sali rakaa mbili, niombee dua, na udongo wa pale uje unitilie kaburini. Shangazi kaubeba wasia huo miaka arubaini. Wiki mbili nzima ananiuliza lini, nami namjibu, "Kesho, inshallah." Kesho ndiyo anasafiri! Kwa hivyo ilikuwa leo au basi.

Mke wangu Rahma jana akasema, "Tafuta mtu wa huko akuongozeni."

"Mimi? Nitafute mtu wa kunipeleka kwetu?"

Akaendelea kukunja sambusa. Ningejua, ningemsikiliza.

Tukatoka baada ya sala ya alfajiri, tukapita njia ya Sinaw. Shangazi kakaa mbele, amepakata chupa ya chai, sambusa, msala wake na chupa tupu ya asali ya kutilia udongo. Mimi nimevaa kanzu mpya na kilemba. (Mtu anakwenda kwao.) Njia nzima naeleza tu. "Watalii wote, Shangazi, wanaishia Al Mintirib kupanda ngamia. Huku haji mtu. Leo ni sisi peke yetu." Shangazi akawa anaitikia, "Enhe, enhe," huku anavuta tasbihi.

Simu ikatuongoza vizuri mpaka ikasema tumefika. Tumefika wapi? Katikati ya wadi kavu, mto usio na maji! Mawe, na punda mmoja. Punda akanitazama. Nikamtazama.

"Hapa ndipo kwetu?" Shangazi akauliza.

"Bado kidogo."

Nikazunguka, nikazunguka tena, mpaka nikaona nyuma ya mitende kuta za udongo, gofu juu ya gofu. Alhamdulillah! Jua lishakuwa kali. Gofu la kwanza ukuta wake wa mbele umeanguka wote, ndani pana kivuli. Nikaliingiza gari humo humo, nikalibana na ukuta. Shangazi akateremka, akajisugua mikono.

"Nasoro, mbona hapa mwili umenisisimka?"

"Kiyoyozi cha gari hicho, Shangazi. Umetoka kwenye baridi."

Tukanywa chai kwa sambusa. Taka zetu nikazifunga kwenye mfuko, nikaona tundu ukutani karibu na mlango wa gari, nikausokomeza humo tusije tukauacha ukapeperuka. (Mimi mtu nadhifu.)

Kisha tukaanza kuitafuta nyumba. Babu alimwachia Shangazi alama mbili: mlango unaangalia falaji, ule mfereji wa maji wa kijiji, na ndani ukutani pana mashubaka matatu yaliyopangana, la kati ndilo la Msahafu. Nikaona rahisi. Nakwambieni, kila nyumba inaangalia falaji! Na huo mfereji unapinda, unapotea, unatokea pale usipoutarajia. Vichochoro vyote rangi moja, udongo mtupu. Kulia nikaona ni kushoto. Tukatokea mahali pana ndoo ya buluu. Tukenda, tukapanda, tukashuka, tukatokea kwenye ndoo ya buluu.

"Ndoo hii tumeiona," Shangazi akasema.

"Huku kila nyumba ina ndoo ya buluu."

Mara ya tatu akaigonga tu kwa ncha ya bakora yake. Akakaa juu ya jiwe, anahema, akanambia kwa upole, na upole wa Shangazi mimi naujua, haupatikani ovyo:

"Nasoro mwanangu. Kama hujui, sema hujui. Si dhambi."

Hapo ndipo mlango wa kuokoka ulipokuwa wazi! Neno moja tu. Lakini akaendelea, "Ila nikirudi bila ya kuingia nyumbani kwake, nitakwenda kumwambia nini baba?" Machozi yanamlengalenga. Huruma ikanishika, na haya ikanishika, na kilemba kichwani kinanibana. Nisijue kwetu? Nikageuka, nikaona kijumba kidogo kimesimama, mlango wake umekabili maji.

"Hii hapa!" nikapiga ukelele. "Si nilikwambia?"

Shangazi akainuka kama msichana. Akaingia kwa mguu wa kulia, akaegemea ukuta, akalia. "Baba, nimefika. Nimefika, baba." Nami nikalia. Wallahi nililia kweli, kwa uongo nilioutunga mwenyewe dakika moja nyuma! Mpaka sasa sielewi nilikuwa nalia nini.

Alipojifuta macho akaanza kuangalia.

"Mbona shubaka moja?"

"Mengine yamezibika, Shangazi. Zamani hiyo."

"Na hili jiwe jeupe ndani yake?"

"Marumaru."

"Na harufu hii ya mbuzi?"

"Wazee wetu walikuwa watu wa mifugo."

Akainama, akaokota kitu chini, kidogo, cheusi, cha duara. Akakigeuza vidoleni.

"Na hizi?"

"Kunazi," nikasema. "Kunazi kavu."

Kisha akaziweka kando hizo kunazi, akafagia kwa kipande cha kuti, akatandika msala, akasali rakaa zake mbili. Akachota udongo, akajaza ile chupa ya asali, akaibusu. Akakaa kuomba dua, nami nikatoka nje nimpe nafasi. Nilikuwa nimejaa furaha, jamani. Nikajiona mtoto wa maana.

Hapo ndipo akatokea mzee mmoja kichochoroni, kajitwika mzigo wa majani, nyuma yake mbuzi.

Sasa mnaijua desturi ya huku bara, mbali na pwani. Mtu mzima hakatizwi salamu. Akinyoosha mkono unaupokea, akikuuliza habari unajibu, akikuuliza ulumu, yaani habari za huko utokako, unajibu, kisha nawe unamuuliza yale yale kwa zamu. Mzee akautua mzigo, akaushika mkono wangu. Akauliza hali yangu. Mbuzi wa kwanza akanipita, akaingia mlangoni. Akauliza hali ya watoto. Wa pili na wa tatu wakaingia. Akauliza habari za njiani, za mvua, za Nizwa. Mbuzi wanamiminika ndani ya nyumba ya babu, mkono wangu umeshikwa, nami nasema hapana habari ila za kheri, hapana habari ila za kheri! Ndani nikasikia sauti ya Shangazi, "Shh! Shh! Ah! Nasoro!"

Bado sijaelewa. Hata hapo, nikadhani mbuzi wamekosea nyumba! Mpaka mzee alipoingiza mkono mlangoni, akachukua kufuli lililotundikwa kwenye msumari, kufuli lake. Ndipo ikanipambazukia. Lile jiwe jeupe shubakani ni chumvi, ya mbuzi kulamba.

Nikamsogelea, nikamnong'oneza kwa Kiarabu, Shangazi asipate kufahamu. Yeye Kiarabu chake ni cha chuoni, cha kusomea Msahafu, hiki chetu cha mbio hakifuati. Nikasema, "Mzee wangu, nakuomba kwa Mungu. Bibi aliyemo humo ni shangazi yangu, kesho anasafiri. Nimemwambia hii ndiyo nyumba ya baba yake. Mwache hivyo hivyo. Mambo yaishe."

Mzee akanitazama kutoka kilembani mpaka viatuni. Kisha akapaza sauti, kwa Kiswahili, Kiswahili safi kilichonyooka:

"Bibi! Toka humo utakanyagwa! Hilo zizi langu!"

(Kazaliwa Unguja, mtaa wa Malindi. Karudi huku kijana. Katika kijiji kizima nimemchagua yeye kumnong'oneza.)

Shangazi akatoka. Mtandio umepinda, chupa ya udongo kifuani, na mbuzi anamfuata anatafuna pindo la msala.

"Zizi?" akauliza.

"Zizi, mama yangu. Nimelijenga kwa mikono yangu, mwaka juzi."

Mwaka juzi! Shangazi hakunitazama. Hilo ndilo lililoniuma. Akamwambia mzee kwa sauti ndogo, "Nimesali humo. Nimemuombea baba yangu humo."

"Sala yako imesihi," mzee akamtuliza. "Zizi la mbuzi halina tabu. Lililokatazwa kusalia ni la ngamia."

"Alhamdulillah," akasema Shangazi. "Na aliyeletwa na punda?"

Mzee akakohoa, nadhani alikuwa anacheka. Akamuuliza ni binti wa nani. Shangazi akamtajia: Seif bin Nasoro. Mzee akashika kichwa.

"Seif bin Nasoro! Nyumba yao nani asiyeijua? Ndiyo ya mwanzo kabisa ukiingia kijijini. Nimeipita sasa hivi, nimekasirika. Pana mpumbavu kaingiza gari mpaka ndani ya majlisi, ukumbi wao wa wageni!"

Mbuzi mmoja akalia. Ufunguo wa gari ulikuwa mkononi mwangu, nikautia mfukoni polepole, na wote wawili wakanitazama ninavyoutia.

Tukarudi. Hatua hamsini tu, jamani! Mimi nimemzungusha bibi wa miaka sabini na tatu saa nzima na ndoo ya buluu. Nikalirudisha gari nyuma, na ukuta uliokuwa umefichwa na gari ukaonekana wote. Mashubaka matatu, yamepangana. Na la kati, lile la Msahafu, limejaa mfuko wangu wa taka. Mfuniko wa kopo la pilipili unachungulia.

Nilitamani ardhi ipasuke. Shangazi akenda mwenyewe, akautoa ule mfuko, akalifuta shubaka kwa mtandio wake, pembe kwa pembe. Akanirudishia mfuko mkononi.

"Nilikwambia mwili umenisisimka," akasema. "Ukanambia kiyoyozi."

"Shangazi, nisamehe. Sikujua. Mimi kwetu sikujui."

Mara ya kwanza maishani neno hilo linanitoka. Halikuniua. Shangazi akashusha pumzi, akanigusa shavu, akasema, "Basi leo umekujua." Akatandika msala na pindo lake lililotafunwa, akasali upya. Safari hii hakulia kwa sauti. Alikaa tu, kiganja juu ya ukuta, anazungumza na baba yake taratibu, na mimi na mzee tukatoka nje kuwazuia mbuzi.

Alipomaliza akaishika ile chupa ya asali, udongo wa zizini umejaa mpaka shingoni. Nikadhani ataumwaga. Hakuumwaga! Akaomba mfuko mtupu, akaumimina wote humo pamoja na kunazi zake, akafunga fundo. Kisha akajaza chupa udongo wa pale chini ya mashubaka. Njiani akavuta tasbihi yake mpaka tulipofika Sinaw. Hapo akaanza kucheka, akacheka hadi Nizwa, kila akinitazama anaanza upya.

Tulipofika hapa mlangoni, kabla ya kuteremka, akaniwekea ule mfuko mapajani.

"Huu wako, mwanangu. Mtu akikuuliza tena kwenu wapi, mfungulie."

Mfuko ninao hapa juu ya dashibodi, na unanuka. Mtu asicheke. Atakayecheka nitampelekea robo yake mpaka nyumbani, maana nyumba zenu, kwa bahati mbaya yenu, nazijua.