Ombi la Kupunguza Lugha ya Mama kwa Dakika Kumi na Mbili

Ndugu Mwenyekiti wa Baraza la Lugha,

Kwa heshima zote, mimi ni mhariri wa filamu. Nakata picha, naunga picha, sina ugomvi na mtu. Ninayo filamu ya dakika mia na mbili, iliyoigizwa yote kwa lugha ya mama yangu. Mtayarishaji anataka dakika tisini kufikia Ijumaa, la sivyo haitaonyeshwa. Nimeshaondoa mvua, milima na ng'ombe wote, ndipo nikafika hizo mia na mbili. Kinachozidi sasa ni lugha yenyewe. Mama, niliyemweka kiti cha pili ili anieleze kinachosemwa, ni shahidi, ingawa wa upande wa pili.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Salamu. Mgeni huulizwa alivyoamka, watoto, mifugo na magoti, kisha naye huuliza vyote hivyo. Dakika moja na sekunde hamsini, na bado hajakaa! Nilibakiza alivyoamka tu. Mama akasema, "Mwanangu, sasa huyo kaja kuiba."

2. Mzee mmoja anazungumza sekunde arobaini, mikono juu. Nikamwuliza Mama niandike nini chini ya picha. Akafikiri, akasema, "Andika: hapana."

3. Hili ndilo limenitoa jasho. Binti anaulizwa kama anakubali kuolewa. Ananyamaza sekunde kumi na moja, kisha anainamisha kichwa. Nikaukata ukimya, maana haukuwa na neno hata moja. Kumbe ukimya ndio jibu, na jibu ni kukataa. Kichwa ni adabu tu. Mama alipiga ukelele: "Umemwoza mtoto wa watu!" Ikabidi nimrudishe kwao, na sekunde zake zote.

4. Mama hucheka, halafu hanitafsirii. Anasema utani ukitafsiriwa hauchekeshi. Mtu mzima nakodolea macho kicheko cha watu wa kwetu. Inauma, Mwenyekiti.

Hivyo naomba Baraza liipunguze lugha hii: salamu zibaki mbili, ukimya upewe neno fupi, na wazee watangulize maana, maelezo yafuate kwa anayeyataka. Wasemaji wenyewe wamebaki wachache na umri umewatupa mkono, kwa hiyo usumbufu utakuwa mdogo, na utazidi kupungua mwaka hadi mwaka.

Nisalimie wajumbe wote, katibu na wa nyumbani, kwa ufupi.

Wako katika kukata na kuunga,
Mhariri wa filamu,
Chumba cha nyuma, ghorofa ya pili.

Nyongeza: Mama ameiona bahasha, akataka nimsomee barua, tena kwa lugha yake, kwa kuwa ndiyo inayolalamikiwa. Nikaanza na "Ndugu Mwenyekiti". Neno la "Ndugu" kwa lugha yake nilikuwa nalo. Nikaishia hapo. Tafadhali lichaneni ombi langu; mtayarishaji nimeshamwambia filamu ni dakika mia na mbili. Ila kama Baraza lina kitabu cha kuanzia, hata kile cha watoto wadogo, naomba nitumiwe haraka. Mwalimu wangu ana miaka themanini na mmoja.